Maji Yaliyochemshwa Mara Tatu

Mlinzi alimpitisha kwa sababu ya mashuka. Mwanamke wa makamo, furushi jeupe kichwani, mwendo wa mtu anayechelewa kazini: nani angemsimamisha? Kila Jumatano makoti ya maabara huletwa kutoka kwa dobi, na siku hiyo ilikuwa Jumatano. Mlinzi akainua mkono, akarudi kwenye redio yake. Kiwanda kizima cha mbolea kilikuwa na kamera kumi na nne na mbwa wawili, lakini hajazaliwa mbwa wa kumbwekea mtu aliyebeba nguo safi.

Ndani ya maabara, Tone alikuwa ameinamia mashine akisubiri namba itulie. Jina alilopewa na wazazi lilikuwa jingine. Hili la Tone alilipata kazini, kwa kuwa katika miaka kumi na mmoja ya kupima asidi, unga wa fosfati na maji, hakuna aliyewahi kumwona akimwaga hata tone. Aliposikia mlango hakugeuka.

"Weka kwenye kiti, mama. Makoti machafu yako kwenye kapu."

"Sikuleta makoti," mgeni akasema. "Haya ni mashuka ya watu, na wenyewe wanayasubiri. Nimeleta maji."

Tone akageuka. Mwanamke alikuwa ameshatua furushi mezani, katikati ya vyombo vya kioo, na alikuwa akilifungua. Kati ya mashuka palikuwa na chupa mbili za soda zilizojaa maji, moja imefungwa uzi mwekundu shingoni.

"Hii ya uzi imechemshwa. Hii nyingine nimeiteka alfajiri, kisima cha chini ya ukuta wenu. Nasikia hapa ndipo mnapopima. Nipimie."

"Mama, hapa haruhusiwi mtu. Umepitaje getini?"

"Kwa miguu. Nipimie kwanza, mwanangu, kisha mniite mwizi."

Tone alikuwa ameshanyoosha mkono kuelekea simu ya mlinzi. Kilichomzuia ni mikono ya yule mwanamke. Ilikuwa imekunjamana vidole kwa sabuni ya miaka, mikono ya dobi hasa, na ilikuwa ikimsogezea chupa ya uzi.

"Kuna nini kwenye maji haya?" Tone akauliza.

"Hilo ndilo lililonileta. Nina mjukuu wa miezi mitatu. Anageuka rangi."

"Rangi gani?"

"Midomo na kucha, kama aliyelamba wino. Nikimpeleka hospitali wanamwekea hewa ya mtungi, wanamchoma sindano, siku ya tatu mtoto mzima, anacheka na feni. Nikimrudisha nyumbani, wiki haiishi, wino umerudi. Mara tatu sasa. Daktari anasema damu yake ilitoka ya kahawia kama chai iliyokosa maziwa. Akaniuliza mbele ya binti yangu, 'Bibi, huyu mtoto unampa nini?' Na binti yangu akanitazama. Hivi nisemavyo hajaacha kunitazama."

Ugonjwa huo Tone aliusoma chuoni, mistari mitatu kwenye kitabu kikubwa, na kwenye mtihani haukutoka.

"Na wewe unampa nini, mama?"

"Maziwa ya kopo. Mama yake anashona kiwanda cha nguo, anatoka asubuhi kurudi jioni, maziwa yake yalikauka mwezi wa kwanza. Nakoroga mimi. Na maji nachemsha! Usinitazame hivyo. Mimi ni dobi, usafi ndio ugali wangu. Nachemsha, nachuja, nachemsha tena. Daktari aliponiuliza vile, nikaongeza mara ya tatu. Sufuria nzima inabaki nusu, na hiyo nusu ndiyo nampa, kwa sababu najua imetakata."

Kwenye droo kulikuwa na vijikaratasi vya kupimia, vyembamba, vyenye kichwa cheupe. Kikikutana na nitrati, ile chumvi ya mbolea, kijikaratasi huona haya na kuwa waridi. Tone akachovya kimoja kwenye maji ya kisima. Kikawa waridi iliyokolea. Akachovya cha pili kwenye chupa ya uzi. Hicho hakikuishia kuona haya. Kilipita waridi, kikapita zambarau, kikatulia kwenye rangi ambayo haikuwepo hata kwenye chati ya kopo.

Dobi aliviangalia vyote viwili. Hakuwa mjinga, na rangi ya nguo ilikuwa imemfundisha kuona.

"Mbona cha yaliyochemshwa ndicho kimezidi?"

"Mama, ukiweka chumvi kwenye mchuzi ukauacha motoni, mchuzi ukapungua, chumvi inafanyaje?"

"Inakolea."

"Kilichomo kwenye kisima hakifi kwa moto. Si mdudu. Ni kama chumvi. Maji yanapaa, chenyewe kinabaki."

Yule mwanamke hakulia. Alichukua shuka moja lililovurugika, akalikunja ncha kwa ncha, akalilaza, akachukua la pili. Alipofika la tatu mikono ikasimama.

"Kwa hiyo kila nilipoogopa zaidi," akasema polepole, "ndipo nilipomlisha zaidi."

"Hukujua, mama."

"Mimi sikujua. Wewe ulijua?"

Mashine ikalia kuashiria namba imetulia. Tone hakuitazama. Alikuwa na jibu, na alikuwa amelificha miaka miwili.

Alijua. Nyuma ya kiwanda, kati ya mlima mweupe wa mabaki ya fosfati na ukuta, kulikuwa na bwawa la maji yaliyooshea mitambo. Mawe ya fosfati yalikuja kwa meli kutoka jangwa la watu, amonia ilitoka kwenye gesi ya watu wengine, potashi ilichimbwa chini ya nchi yenye theluji. Hapa vilichanganywa, vikapikwa, vikatiwa kwenye mifuko iliyochorwa hindi linalocheka, vikapanda meli na malori kwenda kustawisha mashamba ya dunia. Mbolea ilisafiri. Maji yaliyoioshea hayakuwa na safari, yalibaki bwawani, na bwawa lilikuwa likivuja.

Kila mwezi Tone alipima visima vinne vya jirani. Alipima nitrojeni iliyomo ndani ya nitrati, kama mtu anayepima nyama baada ya kutoa mfupa. Lakini kwenye fomu iliyopelekwa ofisi ya maji, namba yake iliwekwa pembeni ya kikomo cha nitrati nzima, nyama na mfupa wake. Kisima cha chini ya ukuta kilisoma thelathini na nane. Kikomo kilichoandikwa kilikuwa hamsini. Thelathini na nane chini ya hamsini: salama, muhuri, faili. Ukirudisha mfupa, thelathini na nane inakuwa mia moja na sitini na kitu. Mara tatu ya kikomo na zaidi. Tone aliligundua hilo miaka miwili iliyopita, akauliza, akaambiwa fomu imetoka makao makuu ng'ambo na si kazi ya wapimaji kusahihisha fomu. Akanyamaza. Akaendelea kupima bila kumwaga hata tone.

"Nilijua maji si mazuri," alimwambia dobi. Sauti yake ilitoka ndogo. "Sikujua kuna mtoto."

"Visima vyote duniani vina watoto," dobi akajibu.

Akafunga furushi lake. Alipomaliza akasimama wima.

"Mtoto anatoka hospitali Ijumaa. Jumamosi saa nne wakwe wa binti yangu wanakuja kwenye kikao. Wanasema nina mkono mbaya. Wanataka kumchukua wakamlee kwa shangazi yake, na shangazi yake anateka wapi? Kisima hichohicho, njia tu ndiyo nyingine. Mimi nikisema ni maji, watasema mchawi anatafuta pa kujificha. Njoo useme wewe. Sitaki barua. Sitaki pole. Neno lako, kwa mdomo wako, mbele yao."

"Nitakuja."

"Watu wa humu ndani mna 'nitakuja' nyingi."

"Mama. Jumamosi, saa nne. Nitakuja."

Kwenye kona ya maabara kulikuwa na madumu ya maji ya kunywa ya wafanyakazi. Tone akampa mawili, akamwambia yasiguse kitu kingine, ni ya mtoto tu, yakiisha amfuate. Dobi aliyapima kwa mkono, akauliza, "Haya mnayateka wapi?"

"Yanaletwa na lori. Kutoka mbali."

"Kisima kiko hapo nje, mmekipigia muhuri kwamba ni salama, halafu nyinyi mnaletewa maji na lori?"

Miaka kumi na mmoja Tone alikuwa akinywa maji ya lori na hajawahi kujiuliza swali hilo, swali la mtoto wa darasa la pili.

*

Mkuu wa maabara alikuwa mtu mwema, na hilo ndilo lililomuudhi Tone kuliko yote. Angekuwa na roho mbaya ingekuwa rahisi. Lakini huyu alikumbuka siku za kuzaliwa za watoto wa wafanyakazi, alichangia misiba, na alikuwa akimenya chungwa kwa uangalifu, ganda moja refu lisilokatika, Tone alipoingia na kumweleza yote akiwa amesimama.

"Maskini," akasema mkuu kwa huzuni ya kweli. "Mwambie achemshe maji."

"Anachemsha! Hujanisikia? Anachemsha mara tatu! Hicho ndicho kinachomuua mtoto!"

"Punguza sauti, Dada Tone. Kuta zina masikio."

"Afadhali kuta. Watu wa humu hawana."

Mkuu akaweka chungwa chini. "Sasa nikuulize. Unataka nifanye nini? Fomu si yangu. Bwawa si langu. Nimeandika barua kuhusu ile plastiki iliyotandikwa chini ya bwawa kuzuia maji, mwaka jana na mwaka juzi. Wamejibu kwamba bajeti ya mazingira imekwisha."

"Imekwisha kwenye nini?"

Mkuu akatazama dirishani. Tone akafuata macho yake. Geti lilikuwa limepakwa rangi upya, kijani kibichi, na juu yake kibao kipya chenye jani.

"Kwenye rangi?" Tone akauliza. "Mmenunua rangi?"

"Jumamosi saa nne wageni wa makao makuu wanafika. Wanaleta cheti. Kiwanda rafiki wa mazingira, cha kwanza katika kampuni yote upande huu wa dunia." Alisema kama anayesoma tangazo la msiba. "Na wewe ndiye utakayewaonyesha tunavyopima maji. Nimewaambia nina mpimaji asiyemwaga tone."

"Saa nne nina ahadi."

"Ahadi gani?"

"Kikao cha familia ya yule bibi."

Mkuu akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Akavuta droo, akatoa mkataba wa kazi, akaufungua ukurasa ambao Tone aliusaini akiwa na miaka ishirini na mitatu na njaa ya kazi. Anayetoa majibu ya maabara nje bila kibali, kazi basi, na nyumba ya kampuni airudishe ndani ya siku saba.

"Sikuyaandika mimi haya," akasema. "Na mimi nina binti chuo, amebakiza mwaka mmoja. Kila mtu hapa kafungwa kamba mahali fulani."

"Ndiyo," Tone akasema. "Lakini yule mtoto kafungwa shingoni."

Akatoka. Nyuma yake chungwa lilibaki mezani.

*

Mume wake alikuwa dereva wa katapila, kazi ya kusukuma marundo ya mbolea ghalani, na kila jioni alirudi mweupe kama aliyetoka kusaga unga. Watoto walimtania kwamba siku moja mvua itamnyeshea na ataota mahindi masikioni. Jioni ya Alhamisi alikuwa ameinamia beseni uani akijisugua shingo, Tone akimmiminia maji, maji ya lori, na alimweleza hapohapo kwa sababu mtu aliyejaa povu machoni hawezi kuondoka katikati ya mazungumzo.

"Tutalala wapi?" ndilo neno la kwanza alilosema.

"Sijui."

"Kwa mama yako? Sisi watano na yeye na kuku wake? Mke wangu, uchungu wa mtoto wa watu naujua, lakini hawa wetu nao wana tumbo. Halafu tusijifanye. Mama yako alikuwa akivuna magunia mawili. Mbolea ilipoingia akavuna kumi na matano, ukaenda shule kwa magunia hayo. Leo unataka kuitukana?"

"Nani kaitukana? Nimesema mbolea ni shetani? Nasema bwawa linavuja, plastiki ya kulitandika ipo madukani, na wao wamenunua rangi ya geti! Hilo ndilo nasema! Mahindi ya mama yangu hayakuomba mtoto wa mtu abadilike rangi!"

Mtungi ulikuwa umeisha. Mume akajifuta uso kwa kanga, akaketi kwenye kiti kifupi.

"Tundu lenyewe naliona," akasema.

"Tundu gani?"

"La bwawa. Ukiwa juu ya katapila unaliona vizuri wakati maji yamepungua. Plastiki imepasuka pembeni, pana kama mlango. Mwaka wa tatu sasa."

"Na hukusema?"

"Nilidhani nyinyi wa maabara mnajua. Si mnapima?"

Tone alicheka kicheko kibaya kisicho na furaha. "Na sisi wa maabara tulidhani nyinyi wa bwawani mmeshasema."

Hivyo ndivyo kiwanda kizima kilivyokuwa kimelala: kila mtu ameegemea mgongo wa mwenzake, akiamini kwamba mwenzake ndiye yuko macho.

"Mimi sikuambii uende," mume akasema mwishowe, akisimama. "Nikikuambia uende nitakuwa mwongo, kwa sababu naogopa. Sikuambii usiende pia." Akaning'iniza kanga kwenye kamba. "Lakini usichukue kitu chao. Wakikukuta na hata kijikaratasi chao kimoja, watasema mwizi, na mwizi hasikilizwi."

*

Jumamosi Tone alikwenda kazini kama kawaida. Alipanga gilasi kwa ukubwa, akawasha mashine, akaweka taulo safi. Saa tatu na nusu akavua koti, akalitundika, akapitia mifuko ya gauni lake mara mbili kuhakikisha hamna hata kalamu ya kampuni. Mkuu alikuwa kwenye korido, ndani ya suti iliyombana kwapani.

"Dada Tone, wako njiani. Dakika ishirini tu. Waonyeshe, kisha uende kokote."

"Wakifika saa nne, dakika ishirini zao na njia vitanifikisha saa nne na nusu. Niliahidi saa nne."

"Kwani ahadi ina dakika?"

"Nyingine zina."

Mkuu hakumshika mkono kumzuia. Hakumfungulia njia pia. Tone alilazimika kujibana ukutani kupita. Getini mlinzi alikuwa amevaa glavu nyeupe.

"Sasa wewe, watu ndio wanaingia, wewe ndio unatoka?"

"Nawahi."

"Haya. Ila angalia rangi, bado mbichi," mlinzi akasema, na akamfungulia mlango mdogo.

Njia ilifuata ukuta wa kiwanda hadi kisimani, kisha ikakata kati ya nyumba. Kisimani wanawake sita walikuwa kwenye foleni. Juu ya pampu kulikuwa na karatasi ndani ya plastiki, na muhuri. Tone aliijua vizuri. Alipita haraka, kichwa chini, na mwendo huo wenyewe ukamkasirisha, maana ni mwendo wa mtu mwenye hatia.

Uani kwa dobi kamba zote zilikuwa zimejaa mashuka, na watu walikuwa wameketi kati yake kama kwenye chumba chenye kuta nyeupe. Kulikuwa na shangazi wa mtoto, dada wa baba yake, mwanamke mrefu mwenye sauti ya mnadani. Kulikuwa na baba mwenyewe, kijana mkimya aliyekuwa akichezea kamba ya kiatu. Binti wa dobi aliketi kwenye mkeka, mtoto mapajani, mgongo ameupa mama yake. Dobi alikuwa peke yake kwenye ndoo iliyogeuzwa. Alipomwona Tone hakutabasamu. Alitazama tu saa ya ukutani kupitia mlango uliokuwa wazi.

"Huyu ndiye shahidi?" shangazi akauliza. "Karibu, binti. Umetumwa na nani?"

"Sikutumwa, shangazi. Ninafanya kazi kiwanda cha mbolea. Mimi ndiye ninayepima maji ya kisima chenu."

"Kile chenye karatasi ya salama?"

"Hicho. Karatasi inasema uongo."

Shangazi akapiga makofi mara moja. "Haya! Amekupa nini huyu mama ili uje kutuimbia?"

"Hajanipa kitu. Nimekuja hapa kwa miguu, na nikirudi huenda sina kazi wala nyumba. Kama amenihonga, basi amenipunja."

Kuna mtu alicheka nyuma ya shuka. Wanawake wa foleni walimjua kuwa mpimaji wa kisima, nao walikuwa wamemfuata, ndoo mkononi. Tone akawaeleza, na hakutumia neno lolote la kitabuni. Akasema bwawa la kiwanda linavuja chini ya ukuta. Akasema kinachovuja hakina rangi, hakina harufu, na mtu mzima hakimwangushi leo wala kesho, lakini mtoto anayenyonya chupa kinamharibu damu mpaka damu inashindwa kubeba pumzi. Akasema ndiyo maana hospitali anapona, kwa sababu hospitali maji ni mengine. Akaeleza habari ya chumvi na mchuzi.

"Bibi yake aliyachemsha kwa upendo," akasema, "na yakazidi. Hakuna mkono mbaya hapa. Mikono mibaya iko upande ule wa ukuta, na mmojawapo ni wangu."

Binti wa dobi aligeuka kwa mara ya kwanza. Alimtazama mama yake, kisha mikono ya mama yake.

Ndipo baba wa mtoto akaacha kamba ya kiatu. "Umejua tangu lini?"

"Miaka miwili."

"Miaka miwili kamili?"

"Na miezi miwili."

Akasema kwa sauti ileile ya chini, "Mwaka jana tulimzika kaka yake huyu. Alikuwa na miezi minne. Alikuwa na midomo hivyohivyo."

Tone akashika kilichokuwa karibu, shuka lililolowa. Akamtazama dobi.

"Hukuniambia."

"Ningekuambia usingekuja," dobi akasema. Sauti yake haikuwa na huruma, na haikuwa na chuki pia. "Mtu akishajua ana deni la namna hiyo, hujificha. Nilikuhitaji uje."

Shangazi alikuwa amesimama. Alimfuata Tone hadi uso kwa uso, na Tone akajua atapigwa kofi, na akajua hatakwepa. Lakini mkono wa shangazi uliishia hewani, ukaanguka wenyewe.

"Mwanamke mzima," shangazi akasema. "Una watoto wewe?"

"Watatu."

"Wanakunywa nini?"

"Maji ya lori."

Nyuma ya mashuka ikasikika ndoo ikimwagwa. Kisha nyingine. Maji yakapita chini ya kamba, yakafika kwenye viatu vya Tone. Wanawake walianza kusema wote kwa pamoja. Mmoja aliita jina la mtoto, mwingine akasema yeye ana mjamzito nyumbani, mwingine akauliza lile geti la kijani linafungwa saa ngapi leo.

Simu ya Tone ikatetemeka mfukoni. Ulikuwa ujumbe wa mkuu wa maabara: Wamefika. Wanauliza mpimaji yuko wapi. Rudi sasa hivi au usirudi. Aliusoma mara moja, akaizima simu. Alikuwa ametimiza alichoahidi. Neno lilikuwa limesemwa. Angeweza kuondoka, na mguu mmoja ulikuwa tayari umeshageuka, kwa kuwa macho ya yule kijana yalikuwa hayavumiliki.

"Usiende," binti wa dobi akasema kutoka mkekani. Ilikuwa mara yake ya kwanza kuzungumza. Alikuwa amesogea, mgongo wake sasa umegusa magoti ya mama yake, na mtoto, mwekundu, mwenye hasira ya njaa, alikuwa akipiga mateke kati yao. "Baba mkwe alikuwa kwenye darsa msikitini, ndiyo kwanza anaingia. Yeye ndiye aliyesema mama yangu asimguse mtoto. Hajasikia kitu. Sema tena."

Mzee alikuwa amesimama penye pengo la mashuka, viatu mkononi, akishangaa maji yaliyomwagika.

"Sema nini?" akauliza.

Tone akaachia shuka. Akamgeukia, akamwamkia, akangoja aketi. Kisha akasema tena, tangu mwanzo, bwawa, tundu, fomu, kisima, chumvi na mchuzi, mikono ya dobi. Na alipofika kwenye ile miaka miwili, huku yule kijana akimtazama, hakuiruka.